Kumlisha mtoto mwenye mtindio wa ubongo: mkalishe kwanza

Kina mama wenzangu wa Dodoma, mtoto mwenye mtindio wa ubongo (ubongo uliodhurika akiwa mdogo, hivyo misuli, hata ya kumezea, haimtii vizuri) asilishwe akiwa amelala chali mapajani. Najua ndivyo tulivyozoea, na bibi zetu walitulea hivyo hivyo, lakini uji ukimpalia huyu unaweza kuingia kwenye mapafu. Vikohozi visivyoisha na homa ya mapafu mara nyingi huanzia hapo.

Wangu namkalisha ndani ya beseni kubwa la plastiki, limeegemea ukuta. Kanga mbili nazikunja kama mto, moja kila ubavu, ya tatu nyuma ya kiuno. Kichwa kisirudi nyuma, kidevu kiinamie kifuani kidogo. Kisha nakaa kwenye kigoda, macho yetu yawe usawa mmoja. Ukimlisha umesimama atainua shingo akutazame, na kazi yote imeharibika.

Uji wa uwele upike mzito kiasi, udondoke taratibu kijikoni. Mwepesi unakimbilia kooni kabla hajajiandaa. Nusu kijiko cha chai, subiri uone amemeza kweli, ndipo uongeze. Akimaliza usimlaze, akae kama nusu saa.

Mlo mmoja unaweza kula saa nzima (mtama wa kuanika unakusubiri nje!), kwa hiyo mfundishe na baba yake, au shangazi mtu, wapokee zamu. Akipaliwa kila mlo au akipungua uzito, mpeleke hospitali mapema.