Geji ya waidibendi inasoma hewa nyingi? Usikimbilie kuongeza mafuta, anzia huku

Wakuu habari za mihangaiko. Naandika hii maana ndani ya muda mfupi nimepokea gari tatu hapa Mbeya zenye ugonjwa mmoja, na zote tatu zilishapita kwa mtu akazitibu ugonjwa mwingine. Mwenye gari kafunga geji ya waidibendi, ile ya kuonyesha hewa na mafuta vinachanganyikaje, anawasha anaona 16, 17, mara 18 gari ikiwa sailensa tu, yaani injini inaunguruma bila kukanyagwa mafuta, kashtuka, kaambiwa mafuta hayatoshi hayo, basi presha ya mafuta ikaongezwa. Gari ikaanza kunywa kama lori na geji bado ipo palepale 17.

Kabla hujashika spana elewa hivi: ile sensa ya geji inayofungwa kwenye ekzosi petroli haiijui kabisa. Inachohesabu ni oksijeni iliyobaki kwenye moshi, halafu geji ndo inakupigia hesabu. 14.7 kwa petroli maana yake kilo 14.7 za hewa kwa kilo moja ya mafuta, vinaungua vyote hakibaki kitu. Oksijeni ikibaki namba inapanda. Sasa hiyo oksijeni imetoka wapi, sensa haijui na haiulizi. Inawezekana kweli mafuta ni machache, inawezekana ekzosi ina upenyo inavuta hewa ya nje, inawezekana silinda moja haichomi na hewa yake imepita nzima nzima, na mara zote tatu geji itakuandikia 17 hiyohiyo.

Halafu kuna wale wa "ni hewa ya milimani hii fundi". Hapana. Mbeya tupo kama mita 1,700 juu ya bahari, hewa ni nyepesi kweli, lakini hewa ikiwa nyepesi maana yake oksijeni inayoingia kwenye silinda ni kidogo, kwa hiyo gari ya kabureta iliyosetiwa Dar ikipanda huku inazidiwa mafuta, haipungukiwi. Na gari ya nozeli, ile isiyo na kabureta, inapima hewa yenyewe inapunguza mafuta yenyewe. Milima haihusiki, tuendelee.

Hatua ya 1: jua namba ipi ni ya kawaida

Gari ikishapata moto, ikiwa sailensa au unatembea taratibu, geji inacheza kwenye 14.7, inapanda kidogo inashuka kidogo. Ukikanyaga mpaka chini, gari isiyo na turbo inashuka kwenye 12.5 mpaka 13 hivi, ya turbo inashuka mpaka 11 na kitu.

Na kuna hii imeshawatoa watu jasho bure: unateremka Kitonga au Mlima Nyoka, gia imeshika, mguu umeutoa kwenye mafuta, ghafla geji inaruka mpaka mwisho au inaonyesha vistari tu. Hiyo sio ugonjwa. Kontroo boksi, yaani kompyuta ya injini, inafunga nozeli ukiwa unateremka bila kukanyaga, kinachopita kwenye ekzosi ni hewa tupu, we ulitaka isome nini? Ukigusa mafuta inarudi.

Hatua ya 2: angalia inapanda wakati gani

Hapa usiwe na haraka, hapa ndo nusu ya kazi. Chukua mtu akae pembeni ashike simu arekodi geji, wewe endesha tu, usiendeshe huku unakodolea geji.

Ikiwa namba iko juu kwenye sailensa lakini ukipiga resi au ukipanda mlima inarudi vizuri, hewa inaingia mahali isipotakiwa. Ama ekzosi inavuta kabla ya sensa, ama mpira wa hewa upande wa injini umepasuka. Kwenye sailensa moshi unatoka kwa mapigo, pu pu pu, na kati ya pigo na pigo bomba linavuta kidogo, hapo hewa ya nje inajipenyeza. Ukikanyaga moshi unakuwa mwingi unasukuma kwenda nje tu, hakuna tena nafasi ya kuvuta, geji inasema kweli.

Ikiwa ni kinyume, yaani sailensa ipo sawa 14.7 ila ukikanyaga namba inapanda badala ya kushuka, hapo sasa ogopa, hayo ni mafuta kweli hayafiki. Pampu, filta, au nozeli. Gari ya turbo ukiona imepita 13 turbo ikiwa inasukuma toa mguu hapohapo, usisubiri kuona itafika ngapi, pistoni haisubiri.

Na ikiwa juu muda wote, sailensa juu, resi juu, mlimani juu, na gari inatembea vizuri kabisa haina hata mtetemo, anza kuishuku geji yenyewe.

Hatua ya 3: tafuta shahidi wa pili

Usiamini geji peke yake. Chomeka mashine ya kupimia usome fyueli trimu, zile asilimia ambazo kontroo boksi inaongeza au kupunguza mafuta. Injini ikiwa kweli inapungukiwa utakuta pamoja na 15, pamoja na 20, na ikizidi sana taa ya cheki enjini inawaka na kodi P0171, yaani hewa imezidi mafuta. Ukikuta zipo karibu na sifuri wakati geji inasema 17, mmoja kati yao anadanganya.

Mfano ni Forester ya turbo iliyoletwa hapa na kaka mmoja wa Uyole. Alishafungiwa regyuleta ya kurekebisha presha na ikakazwa mpaka basi. Geji sailensa 17.2. Nasoma trimu nakuta hasi 18. Hasi! Yaani kontroo boksi inalia mafuta yamezidi inayapunguza kwa nguvu zote, na geji pembeni inalia mafuta hayatoshi. Nikafungua plagi, ya kwanza kutoka nyeusi tii, masizi makavu kama tako la sufuria la kuni, ukigusa yanabaki kwenye kidole. Plagi haiwezi kuwa hivyo kwenye injini yenye njaa ya mafuta. Na turbo ikisukuma geji ilishuka mpaka 10.2, mafuta yamepitiliza. Nikamwambia kaka, gari yako haina njaa, gari yako imevimbiwa.

Kwa nini trimu na geji zilipishana? Sensa ya kiwandani ya gari ile iko kabla ya turbo, ya geji iko baada ya turbo. Kwa hiyo tatizo liko katikati yao. Mpaka hapo ekzosi hata sijaigusa na najua pa kuangalia.

Hatua ya 4: tafuta upenyo wa ekzosi

Asubuhi gari ikiwa ya baridi, na baridi ya huku mwezi wa sita na wa saba mnaijua, washa usikilize upande wa menifodi, pale ekzosi inapoanzia kwenye injini. Ukisikia tik tik tik inayopotea baada ya dakika kadhaa, kuna ufa au gasketi imeachia, chuma kikipata moto kinatanuka kinaziba. Angalia pia alama nyeusi za moshi kwenye maungio, moshi ukivuja unaacha msitari wa masizi.

Usiposikia kitu zima gari iache ipoe kabisa. Chukua blowa ile ya kupulizia vumbi, iingize kwenye mdomo wa ekzosi nyuma, zungushia tambara hewa isirudi, washa. Halafu maji ya sabuni ya povu kwenye chupa ya kunyunyizia, pulizia kila muungio kuanzia kwenye silinda hedi mpaka kwenye sensa, na sensa yenyewe inapofungwa usiisahau. Kama sensa imefungwa karibu na mwisho wa bomba, kagua na nyuma yake kidogo.

Kwenye Forester povu lilitoka pale turbo inapokutana na bomba la kushuka chini. Gasketi ilikuwa imeungua upande mmoja, boluti moja haipo kabisa. Gasketi mpya, boluti mpya, kazi ya saa moja na nusu, na nusu saa yake ilikuwa ni kupambana na nati iliyogandana.

Angalizo, ukiziba usipake silikoni ya gasketi karibu na sensa. Mvuke wa silikoni unaua sensa.

Hatua ya 5: gari inamisi?

Hii ni fupi. Silinda ikimisi mafuta yake hayaungui wala hewa yake haiungui, sensa inaona oksijeni inapandisha namba, wakati petroli mbichi unaisikia kwa pua kule nyuma. Kama gari inatetemeka maliza kwanza plagi na koili, ndo urudi kwenye geji.

Hatua ya 6: kagua geji na waya zake

Pima umeme unaofika kwenye geji gari ikiwa imewashwa, uwe 13.5 mpaka 14.5. Sensa ina hita ndani yake, umeme ukiwa dhaifu haifiki joto lake na inasoma ovyo. Ethi, ule waya wa hasi unaofungwa kwenye bodi, ndo balaa kubwa zaidi, hasa kama umepeleka waya wa geji kwenye kontroo boksi. Chukua geji inayotoa volti 0 mpaka 5 kwa namba 10 mpaka 20: kila volti 0.1 inayopotea kwenye ethi mbovu ni 0.2 kwenye namba. Ethi ya geji ipeleke pamoja na ethi ya kontroo boksi, usiifunge kwenye skrubu ya redio.

Soketi ya sensa msiikate jamani. Naziona sana, fundi waya kaona waya mrefu kakata soketi kaunga kwa selotepu. Kwenye sensa kama Bosch LSU 4.9 ndani ya ile soketi kuna rezista iliyopimwa kiwandani kwa ajili ya sensa hiyohiyo moja, ukiitupa soketi umetupa kipimo chake.

Halafu fungua sensa, iache ining'inie hewani mbali na moshi, washa geji. Baada ya kupata moto inatakiwa isome mwisho kabisa wa hewa. Usiiguse, ncha yake inapita nyuzi 700. Baadhi ya geji zinataka kusetiwa upya hewani hivihivi, nyingine hazitaki, soma kikaratasi chake. Ikirudi kwenye bomba ielekee juu, yaani saa nne mpaka saa nane ukilitazama bomba kama saa ya ukutani, isilale chini maji yakaiingia. Na usiiache kwenye ekzosi bila umeme, inajaa masizi inakufa.

Hatua ya 7: mipira ya hewa

Kama trimu zilikuwa juu kweli, mfano pamoja na 20 kwenye sailensa halafu zinashuka ukipiga resi, hewa inaingia baada ya sensa ya hewa, ile inayopima hewa inayoingia kwenye injini. Kagua mpira mkubwa kwenye mikunjo, uukunje kwa mkono maana nyufa hazionekani umelala, hosi ya servo ya breki, mfuniko wa oili, na kijiti cha kupimia oili. Pulizia maji kidogo kidogo kwenye maungio injini ikiwa sailensa, sauti ikibadilika ndo hapo. Wengine wanapulizia dawa ya kusafishia kabureta, inafanya kazi lakini inawaka, na menifodi ya moto ipo hapo pembeni.

Hatua ya 8: ndo sasa mafuta

Ukifika huku umeshaondoa uongo wote. Pima presha kwa geji ya presha, gari nyingi za nozeli ziko karibu na baa 3, ila fuata ya gari yako. Muhimu ipime gari ikiwa inapanda mlima, sio imepaki, kwa sababu pampu iliyochoka ikiwa imepaki inajifanya nzima. Filta kwanza, ndo pampu, ndo kusafisha nozeli, kwa mpangilio huo maana ndo mpangilio wa bei.

Kwa Forester hatukufika huku. Nilirudisha presha kwenye kiwango chake, nikaweka plagi mpya, nikafuta trimu za zamani kwenye kontroo boksi ianze kujifunza upya, tukatoka na mwenyewe mpaka Mlima Nyoka na kurudi. Sailensa 14.7, kupanda turbo ikisukuma 11.4. Wakati wa kuteremka geji ikaruka mpaka mwisho, kaka akanishika bega. Nikamwambia gusa mafuta kidogo.