Namna Mkimbizi Anavyoweza Kuwa Mhariri wa Filamu za Hali Halisi

Mkimbizi anayetaka kuhariri filamu za hali halisi asianze kwa kutafuta kompyuta ya bei ghali, bali ahesabu kwanza lugha anazozijua. Kambi ya Kakuma, iliyofunguliwa Turkana mwaka 1992, hutembelewa na watengenezaji filamu wa kigeni wanaoondoka na mahojiano marefu ya Kirundi, Kisomali, Kidinka au Kiswahili cha Kivu ambayo wao wenyewe hawayaelewi. Anayeweza kuyaandika na kuyatafsiri hupata mlango wa kuingilia katika kazi hii.

Kazi hiyo ya kunukuu ifanywe kwa makini kuliko inavyolipwa. Kando ya kila jibu andika saa, dakika na sekunde linapoanzia. Tafsiri bila kulainisha maneno makali. Weka alama pale msemaji aliponyamaza, alipojichekea au alipobadili lugha katikati ya sentensi, kwa sababu mhariri asiyeijua lugha hukata pale sauti inapotua, hali wazo lenyewe halijakamilika. Mwongozaji akishaona kwamba maelezo yako yanamwonyesha mahali pa kukata, mwombe umpangie tukio moja fupi. Huenda akapendelea wewe mwenyewe uwe kisa cha filamu yake. Una haki ya kukataa, na kwa maoni yangu anayekusudia kuwa mhariri hana budi kujifunza kukataa mapema.

Kuhusu vifaa, DaVinci Resolve, programu ya kuhariri video, ina toleo la bure, ingawa huilemea kompyuta dhaifu. Kdenlive, ambayo nayo ni ya bure, ni nyepesi zaidi. Tengeneza nakala nyepesi za video kwa ajili ya kukatia, na zile za asili zihifadhiwe kwenye diski mbili zinazokaa nyumba tofauti. Shirika la FilmAid, lililoanzishwa mwaka 1999 wakati wa vita vya Kosovo, limewafundisha vijana wa Kakuma na wa kambi za Dadaab utengenezaji wa filamu, hivyo ulizia mafunzo kama hayo.

Aliyekimbia nchi yake huziona hatari ambazo wengine hawazioni. Kufifisha uso hakutoshi iwapo sauti, kovu au jina la kijiji vimeachwa. Mwonyeshe msemaji sehemu yake kabla filamu haijatoka, naye akibadili mawazo, iondoe.

Malipo yakubaliwe kwa maandishi kabla ya kazi kuanza, pamoja na cheo kitakachoandikwa mwishoni mwa filamu: aliyepanga matukio ni mhariri msaidizi, si mkalimani. Nchini Kenya mkimbizi huomba kibali cha kazi cha daraja M, na safari ya nje ya kambi huhitaji ruhusa yake, kwa hiyo anayekuita Nairobi ataje tarehe kamili za kazi katika barua ya mwaliko.