Jinsi ya kutengeneza koroboi inayopinda muda kwenye hadithi yako bila wasomaji kukuumbua

Juzi mpwa wangu kanitumia hadithi yake ya fantasia, kaandika vizuri tu, ila sehemu ya nne mhusika anashika "kristali ya muda" na matatizo yote yanaisha hapohapo. Nikamwambia we, hicho sio chombo, hicho ni kisingizio. Akajibu, "Mjomba, si fantasia tu?" Tukakaa jioni nzima kuanza upya, na haya ndo tuliyofanya.

Hatua ya 1: Chagua chombo ambacho msomaji kashawahi kukishika. Kristali na mashine za vitaa vinavyomwekamweka mi sizitaki, zinanichosha. Tukachukua koroboi, ile ya kopo na utambi wa tambara. Inakula mafuta, inatoa moshi, ukiipuliza inazimika, yaani nusu ya sheria za uchawi wako ziko humo tayari.

Hatua ya 2: Weka uwiano mmoja, usiuguse tena. Yetu ni masaa 6 ndani ya mwanga kwa saa 1 ya nje. Na mtu asikucheke eti muda haupindiki, mwaka 1971 wanasayansi wawili, Hafele na Keating, walizungusha duniani saa za atomu, zile sahihi kupindukia, nne kwa idadi, kwenye ndege za abiria, kurudi wakakuta zimeachana na zilizobaki chini, kwa nanosekunde tu lakini zimeachana. Saa za setelaiti za GPS nazo, huko juu kilomita 20,000 na ushee, zingeachwa hivihivi zingewahi za huku chini kwa maikrosekunde kama 38 kila siku. Sisi tumeongeza chumvi tu.

Hatua ya 3: Nishati inatoka wapi? Shuleni tulikaririshwa nishati haiumbwi wala haiangamizwi, basi kuna kitu lazima kipungukiwe. Koroboi yetu inanyonya joto. Fundi cherehani akiiwasha tu, chai yake inapoa hajaimaliza, ukuta unatoa jasho, na kadri anavyoshona baridi inazidi mpaka vidole vinashindwa kutunga uzi kwenye sindano. Hapo huhitaji tena jitu baya la kuja kumzuia.

Hatua ya 4: Sauti. Jogoo wa nje akiwika sekunde mbili, mle ndani inasikika sekunde kumi na mbili, nzito, kama mtu anaburuta kabati. Aliye nje yeye anasikia cherehani inalia kama mbu. Mwanga niliukwepa makusudi, maana ukifuata fizikia moto wa koroboi ukitoka nje unageuka mionzi isiyoonekana inayobabua ngozi, na mi sitaki majirani wote waungue.

Hatua ya 5: Daftari. Hapa ndo tulieni, hapa mimi niliwahi kupoteza usiku mbili na kuandika upya sehemu tisa. Hadithi yangu ya kwanza nilikuwa naituma kwenye grupu la WhatsApp kipande kwa kipande, kulikuwa na harusi Ijumaa baada ya sala, na mshonaji anamalizia gauni la bibi harusi kwa taa kama hii. Nikaandika "akaiwasha usiku wa Ijumaa". Mi nimelelewa na bibi wa Pwani, kwake siku inaanza magharibi, kwa hiyo usiku wa Ijumaa ndo ule unaotangulia Ijumaa yenyewe. Wasomaji wa bara wakanijia juu: harusi imeisha mchana, gauni anashona la nini? Na wana haki yao. Siku hizi naandika "Alhamisi usiku kuamkia Ijumaa", ndefu ila haina kesi.

Balaa la pili lilikuwa saa. Niliangalia simu inasoma 10 usiku, nikaandika 10 daftarini, kesho yake nikaisoma saa kumi alfajiri wakati nilimaanisha saa nne, na toka hapo kila kitu kikasogea masaa sita, mtu anakula daku jua limeshatoka. Chagua saa moja, ya Kiswahili au ya simu, uiandike kwenye jalada kabisa. Mi natumia ya Kiswahili.

Safu ziwe tatu: muda wa nje, muda wa ndani, na umri wa mhusika. Hiyo ya tatu wengi wanaisahau. Fundi akiwasha masaa mawili kila usiku, yeye anaishi kumi na mbili, yaani kumi ya ziada, kwa mwaka ni masaa 3,650, siku 152. Miezi mitano kamzidi pacha wake, na njaa ya kumi na mbili hiyo ilibidi aile, kwa hiyo unga unaisha mapema na mume anauliza.

Excel sitaki hata kuisikia kwa kazi hii, unarekebisha kiboksi kimoja unasahau kulikuwa na nini. Kaunta buku na kalamu mbili, bluu ya nje, nyekundu ya ndani. Ukikosea unakata mstari, kosa unaliona.

Hatua ya 6: Kuzima. Amua nani anaweza kuipuliza. Mpwa wangu kasema yake itazimwa na mbuzi aliyeingia kutafuta majani. Sijabisha, nimemwambia tu aandike kwenye safu ya tatu mbuzi naye kakaa mle masaa mangapi.