Namna ya Kupangilia Kumbukumbu katika Kompyuta Kongwe ya DOS

Ami yangu ana duka la vifaa vya ujenzi Mlandege, na chini ya meza yake ya hesabu kuna kompyuta ya zamani iliyofunikwa kanga kuukuu: prosesa yake ni 80386, kumbukumbu yake megabaiti 4, na mfumo endeshi wake ni MS-DOS 6.0. Aliponiita niiwashe aliniambia neno moja tu: "Mwanangu, humo ndani mna madeni ya watu, na wengine wao wamekwishafariki. Nataka nijue nani alilipa, nisije nikawasumbua warithi." Kompyuta iliwaka bila taabu, lakini programu ya hesabu ilikataa kufunguka na kuandika kwenye kioo kwamba kumbukumbu haitoshi. Megabaiti 4 zipo, programu yenyewe haifiki hata moja, na bado haitoshi. Maelezo yafuatayo yanaonesha sababu ya jambo hilo na namna ya kulitatua, kwa yeyote wa Unguja au Pemba mwenye mashine ya aina hii yenye hesabu anazozihitaji.

Sababu inaanzia mwaka 1981, IBM ilipotoa IBM PC yenye prosesa ya Intel 8088. Prosesa hiyo ina nyaya 20 za anwani, kwa hiyo haiwezi kufikia zaidi ya baiti 1,048,576, yaani megabaiti moja. Wabunifu waliigawa megabaiti hiyo sehemu mbili: kilobaiti 640 za chini ziwe za DOS na programu, na kilobaiti 384 za juu ziwe za kadi ya skrini, chipu ya BIOS, yaani ile yenye maelekezo ya kuwashia mashine, na kadi nyinginezo. Kwa kuwa kompyuta hiyo ilikuwa ikiuzwa na kilobaiti 16 au 64 tu, kilobaiti 640 zilionekana ni bahari isiyokauka. Baadaye zikaja prosesa za 80286 na 80386 zinazofika mbali zaidi, lakini chini ya DOS nazo huanza kazi kwa kujifanya 8088, ili programu za zamani ziendelee kutumika.

Mfano ulio karibu nasi ni nyumba ya duka ya Mji Mkongwe. Chini, upande wa barabarani, kuna chumba kimoja cha kuuzia. Ghorofani anakaa mwenye nyumba, na baadhi ya vyumba vyake vi tupu. Uani kuna ghala kubwa. Programu ya DOS ni mteja anayeingia chumba cha chini tu. Chumba hicho kikijazwa makasha, mteja hana pa kusimama hata kama ghala zima liko tupu, na makasha yenyewe ni DOS, draiva (programu inayoendesha kifaa) ya kipanya na programu ndogo ndogo zinazopakiwa kila kompyuta inapowashwa. Kazi yetu ni kuyahamisha, na hakuna haja ya kununua chipu hata moja.

Kabla ya kuwasha mashine iliyolala miaka mingi, angalia nyuma ya kisanduku chake cha umeme. Kompyuta nyingi za wakati ule zina swichi ndogo nyekundu yenye namba 115 na 230, na ikiwa imesimama kwenye 115, umeme wetu utaiunguza papo hapo. Ukishaiwasha, tazama kioo inapohesabu kumbukumbu. Ikilia mlio na kukataa kuendelea, au hesabu ikitoka pungufu, mara nyingi hewa ya chumvi imeshika miguu ya vibao vya kumbukumbu: izime, chomoa waya wa umeme, toa vibao, sugua miguu yake taratibu kwa ufutio wa penseli, pangusa vumbi la ufutio na uvirudishe. Vile vibao vifupi vya miguu 30 huwekwa vinne vinne katika mashine ya 386DX na viwili viwili katika 386SX, basi usivipunguze kiholela. Ingia pia katika mpangilio wa BIOS na uandike kwenye karatasi namba zote za diski ngumu, kwa sababu betri ikifa namba hizo hupotea, na bila namba hizo mashine haitaiona diski.

Jambo linalofuata ni flopi ya kuokolea, na hapa nakuomba usifanye haraka. Hewa yetu ya unyevu huotesha ukungu ndani ya flopi; sogeza kile kifuniko cha bati, izungushe sahani taratibu, na ukiona madoa meupe kama unga usiitie katika mashine, kwa sababu itachafua vichwa vya kusomea na kuharibu flopi nyingine zote zitakazofuata. Ukipata iliyo safi na isiyo na kitu unachokihitaji, maana itafutwa yote, andika:

FORMAT A: /S
COPY C:\CONFIG.SYS A:\CONFIG.ZAM
COPY C:\AUTOEXEC.BAT A:\AUTOEXEC.ZAM

Mafaili hayo mawili ndiyo yanayoielekeza DOS nini cha kupakia kila inapowashwa. Nimeyapa kikomo cha ZAM, yaani zamani, ili flopi isiyatekeleze inapowasha mashine. Ongeza na EDIT.COM pamoja na QBASIC.EXE, kwa kuwa katika DOS 5 na 6 kihariri hakifunguki bila QBASIC. Kisha washa mashine kwa flopi hiyo mara moja, uone kama inafika kwenye A:, yaani flopi, na inaisoma C:, yaani diski ngumu. Flopi ya kuokolea ambayo haijajaribiwa haifai kutegemewa.

Sasa pima. Andika VER ujue toleo la mfumo, kwa sababu uwezo nitakaoueleza ulikuja na MS-DOS 5.0 ya mwaka 1991, na matoleo ya nyuma yake hayana. Kisha andika MEM /C /P. Kwenye toleo la 5.0 acha hiyo /P. Itatokea orodha ya kila kilichokaa katika kumbukumbu na ukubwa wake, na karibu na mwisho kuna mstari unaotaja programu kubwa kuliko zote inayoweza kuendeshwa. Namba hiyo ndiyo tunayoifanyia kazi. Kwa ami ilikuwa kilobaiti 489. Iandike kwenye karatasi pamoja na tarehe, na kila ukibadilisha mstari mmoja, washa upya, pima tena, andika tena. Najua inachosha, lakini mtu anayebadilisha mistari mitano kwa mpigo, mashine ikaganda, hana njia ya kujua ni upi uliogandisha.

Fungua CONFIG.SYS kwa EDIT, na juu kabisa weka mistari hii mitatu kwa mpangilio huu huu:

DEVICE=C:\DOS\HIMEM.SYS
DEVICE=C:\DOS\EMM386.EXE NOEMS
DOS=HIGH,UMB

HIMEM.SYS ndiyo inayofungua ghala, yaani kumbukumbu yote iliyo juu ya megabaiti moja. EMM386.EXE, inayohitaji prosesa ya 80386 au ya baadaye, huchukua kumbukumbu kutoka ghalani na kuifanya ionekane katika vyumba vitupu vya ghorofani. Haiwezi kufanya hivyo kabla HIMEM haijafungua mlango, ndiyo maana mistari hii haibadilishani nafasi. Mstari wa tatu unaihamisha sehemu kubwa ya DOS yenyewe hadi katika eneo la baiti 65,520 lililo mara tu baada ya megabaiti ya kwanza, eneo ambalo prosesa hulifikia kwa sababu ya namna anwani zake zinavyojumlishwa. Mstari huo mmoja uliturudishia zaidi ya kilobaiti 40.

Neno NOEMS linaonesha kwamba hutaki kumbukumbu ya kurasa, ile iliyobuniwa na Lotus, Intel na Microsoft mwaka 1985, ambayo huhitaji dirisha la kilobaiti 64 katika eneo la juu. Ikiwa programu yako inaitaka, weka RAM mahali pa NOEMS na ukubali kupoteza dirisha hilo. Programu ya ami haikuitaka.

Baada ya hapo, kila mstari wa DEVICE unaofuata ugeuze kuwa DEVICEHIGH, na katika AUTOEXEC.BAT tanguliza LH, yaani pakia juu, mbele ya programu zinazobaki katika kumbukumbu, kama ile ya kipanya. Anza na kubwa umalizie na ndogo, kwa sababu vyumba vya juu havilingani, na ndogo ikitangulia huenda ikachukua chumba pekee ambacho kubwa ingeenea. Zipo draiva ambazo wakati wa kupakiwa huhitaji nafasi kubwa kuliko ile zinayobaki nayo. Ukiona draiva imebaki chini ilhali kwa hesabu yako ingetosha juu, ipandishe mwanzo wa foleni. MS-DOS 6.0, iliyotoka mwaka 1993, ina MEMMAKER inayofanya upangaji huu yenyewe, na si mbaya. Mimi napendelea kupanga kwa mkono, maana mashine ya mtu mwingine yenye hesabu za watu nataka nijue kila mstari umefanya nini.

Usisahau kuondoa, kwa kuwa mara nyingi kuondoa kuna faida kuliko kuhamisha. Mstari usiouhitaji uandikie REM mwanzoni, neno linaloifanya DOS iuruke, badala ya kuufuta. Programu za hesabu hufungua mafaili mengi kwa pamoja, hivyo FILES iache kwenye 40. BUFFERS, yaani nafasi za kushikilia data ya diski kwa muda, weka 10 au 20 tu, kwa sababu ukizidisha hazitaenea pamoja na DOS kule juu na zote zitarudi chini.

SMARTDRV inastahili maelezo marefu kidogo. Programu hii huharakisha diski kwa kuweka data katika kumbukumbu ya ghalani, na katika MS-DOS 6.0 huchelewesha pia uandishi: ukihifadhi hesabu, inakaa katika kumbukumbu kwa muda kabla ya kufika kwenye diski. Umeme ukikatika katikati ya muda huo, ulichoandika kimepotea, na sisi tuliopitia giza la mwezi mzima Unguja mwaka 2008, na la miezi mitatu kuanzia Disemba 2009, hatuna haja ya kuelezwa kukatika kwa umeme. Katika AUTOEXEC.BAT andika hivi:

C:\DOS\SMARTDRV.EXE C

Herufi ya diski ikiwa peke yake, bila alama ya kujumlisha wala ya kutoa, huruhusu usomaji uharakishwe na kuzuia uandishi usicheleweshwe.

Mashine ikiganda inapowaka, izime, iwashe tena, na mara uonapo maandishi ya kuanza kwa MS-DOS bonyeza F8, ambayo katika toleo la 6 hukuuliza mstari mmoja mmoja wa CONFIG.SYS kama uutekeleze. F5 huiruka mistari yote. Chanzo cha kawaida ni EMM386 kuingia chumba ambacho kina mwenyewe, kwa mfano kadi ya mtandao iliyokaa kuanzia anwani D000. Iambie isiingie humo:

DEVICE=C:\DOS\EMM386.EXE NOEMS X=D000-D3FF

Kwa ami tulimaliza na kilobaiti 608, na programu ikafunguka. Usianze kusoma hesabu kabla hujazinakili. Tia flopi safi nyingine, ingia katika saraka ya programu, na uandike:

COPY *.DBF A: /V
COPY *.DBT A: /V

Alama ya /V huiamuru DOS ihakikishe kwamba kilichoandikwa kinasomeka. Mafaili ya DBF ndiyo yenye majedwali ya hesabu. Mafaili ya DBT huenda yasiwepo. Yakiwepo, hayo ndiyo yenye maelezo marefu, na DBF bila hayo huwa na mapengo. Flopi ikiwa ya megabaiti 1.44, gawa mafaili katika flopi kadhaa, kila moja uiandikie jina na tarehe kwa wino, na usogeze kile kipande cha plastiki pembeni mpaka tundu lionekane, ili isiandikwe tena. Mafaili hayo ya DBF hufunguka katika LibreOffice Calc kwenye kompyuta ya leo yenye kisomea flopi cha kuchomeka, jina la mdaiwa katika safu moja na tarehe ya malipo katika safu nyingine.