Somo: Kufuta gemu ya Pokémon kwenye Game Boy, DS na 3DS ili uanze upya

Wakuu, habari za kwenu. Likizo za shule zikikaribia, swali hili hurudi kila mara: mtu kapata Game Boy au DS ya mtumba, au kaletewa na ndugu aliyeko Ughaibuni, ndani ikiwa na kaseti ya Pokémon. Anaiwasha, anakuta jina la mtu mwingine, beji nane, Pokémon wa levo ya juu. Mchezo umeshachezwa hadi mwisho. Anatafuta mahali pa kufuta kwenye menyu yote, hapaoni.

Hapaoni kwa sababu hapapo. Kaseti hizi zina nafasi moja tu ya kuhifadhi mchezo, na waliozitengeneza walificha njia ya kufuta makusudi, ili mtoto asipoteze kazi ya miezi kwa kidole kilichoteleza. Mwenye kaseti aliyetangulia ndiye aliyeikalia nafasi hiyo. Ukitaka kukaa wewe, lazima yeye atoke, na akishatoka harudi. Kwa hiyo nawaomba msirukie vitufe kabla ya kusoma hatua mbili za mwanzo.

HATUA YA 1: INGIA UTAZAME KILICHOMO

Chagua CONTINUE, nenda kwenye kompyuta ya Pokémon Center (kituo cha kutibia Pokémon ndani ya mchezo), fungua maboksi wanamohifadhiwa Pokémon, moja baada ya jingine. Usiharakishe. Wako Pokémon ambao hawakuwa wakikamatwa porini kwa njia ya kawaida: Mew, Celebi, Jirachi, Deoxys. Wengi wao waligawiwa kwenye matukio maalumu ya miaka ile, na ugawaji ule umekwisha zamani. Ukimkuta mmoja wao kwenye boksi la kaseti ya mtumba, una kitu ambacho fedha pekee haziwezi kukirudisha ukishakifuta.

Na hata kama hakuna wa aina hiyo, tazama majina. Mtu aliyempa Pidgeot wake jina na kumfikisha levo ya 100 alimpenda. Mimi naona ni heshima ndogo kumhamisha huyo kabla ya kufuta, kama uwezo upo.

HATUA YA 2: WAHAMISHE UNAOWATAKA

Njia ya kawaida ni kubadilishana na kaseti ya rafiki kwa kebo. Angalieni hapa, maana wengi hununua kebo isiyofaa: gemu za Game Boy ya zamani (Red, Blue, Yellow, Gold, Silver, Crystal) zina kebo yake, na gemu za Game Boy Advance (Ruby, Sapphire, Emerald, FireRed, LeafGreen) zina yake. DS haina tundu la kebo kabisa. Unaweza kucheza kaseti ya Advance kwenye DS ya kwanza au DS Lite, lakini kubadilishana kwa kebo huwezi.

Kikwazo kingine kipo FireRed na LeafGreen. Kabla hazijakubali kubadilishana na Ruby, Sapphire au Emerald, mchezaji lazima awe amewashinda Elite Four (wapinzani wanne wa mwisho wa mchezo) na kumaliza kazi ya Celio, mhusika wa kisiwa cha One Island, ya kumtafutia vito viwili. Kama mwenye kaseti wa zamani hakufika hapo, itabidi umalizie wewe, au utafute rafiki mwenye FireRed au LeafGreen.

Wenye DS au DS Lite wana njia nzuri zaidi, Pal Park. Unachomeka kadi ya Diamond, Pearl, Platinum, HeartGold au SoulSilver kwenye tundu la juu, na kaseti ya Advance kwenye tundu la chini, unahamisha Pokémon sita kwa mkupuo. Masharti: gemu ya DS iwe imeshapata National Pokédex (orodha kamili ya Pokémon, ambayo hupewa baadaye mchezoni), gemu zote mbili ziwe za lugha moja, na Pokémon asiwe amefundishwa shambulio la HM, yale maalumu ya kupitia njia, kama Surf au Fly. Akishavuka harudi kwenye kaseti ya Advance. DSi haina tundu la chini, hivyo haifai kwa kazi hii.

Mwenye kifaa cha kusomea kaseti kwenye kompyuta anaweza kunakili faili lote la mchezo likakaa salama. Ni njia bora kuliko zote, ila wachache wanacho.

HATUA YA 3: FUTA

Chaji ijae kwanza. Mashine ikizima katikati ya kufuta unaweza kuachiwa faili bovu.

Washa, pita maandishi ya mwanzo, usimame kwenye picha ya jina la gemu, ile yenye muziki wake kabla hujabonyeza Start. Hapo ndipo mahali pake. Ukishafika kwenye menyu ya CONTINUE umepitiliza, zima urudi.

Sasa bonyeza kwa pamoja:

Game Boy, Game Boy Color, Game Boy Advance na DS, yaani kuanzia Red na Blue hadi Black 2 na White 2: Juu + Select + B.

Nintendo 3DS, yaani X, Y, Omega Ruby, Alpha Sapphire, Sun, Moon na Ultra zake: Juu + X + B.

"Juu" ni mshale wa juu kwenye ule msalaba wa kushoto. Fimbo ya duara ya 3DS iacheni.

Gemu itakuuliza kama kweli unataka kufuta. Peleka alama kwenye YES, bonyeza A. Za DS hurudia kuuliza mara ya pili, zikikukumbusha kwamba kilichofutwa hakirudishwi. Ukikubali, subiri bila kugusa chochote hadi gemu ijiwashe upya. Ukiona menyu ina NEW GAME bila CONTINUE, kazi imekwisha.

HATUA YA 4: ANZA, NA UHIFADHI MAPEMA

Chagua NEW GAME, andika jina lako. Mara tu mchezo unapokuruhusu kufungua menyu, hifadhi, kisha zima na kuwasha tena. Ukiliona jina lako kwenye CONTINUE, kaseti ni nzima. Usicheze saa tatu ndipo ugundue haihifadhi.

Wenye Switch: Sword, Shield na zilizofuata hazina vitufe vya siri. Nenda System Settings, kisha Data Management, kisha Delete Save Data. Ila mara nyingi huna haja ya kufuta. Kila mtumiaji wa Switch ana faili lake, hivyo ongeza mtumiaji mpya, naye ataanza mwanzo huku faili la zamani likibaki.

MASWALI YA WANACHAMA

Mdau wa Dodoma: Mkuu, nina DS Lite na Platinum. Nabonyeza vyote vitatu, gemu inaingia tu kwenye menyu au haifanyi kitu. Tatizo nini?

Jibu: Mambo mawili, mkuu. La kwanza ni mpangilio wa vidole. Kwenye DS Lite, Select iko kulia, chini ya B, na dole gumba moja haliwezi kuvikandamiza vyote viwili vizuri. Laza mashine mezani, kidole cha kushoto kwenye mshale wa juu, vidole viwili vya kulia kwenye B na Select. Shikilia kwanza mshale na B, kisha malizia na Select. La pili, Select yenyewe huenda imechoka, maana ni kitufe kisichotumika sana na vumbi hujaa chini yake. Ijaribu ndani ya gemu nyingine inayoitumia. Kama imekufa, hamishia kadi kwenye DS ya rafiki, ufutie huko, kisha uirudishe. Faili linakaa kwenye kadi, halikai kwenye mashine.

Mama mmoja, Morogoro: Mwalimu, mwanangu mdogo kabonyeza NEW GAME kwenye Emerald ya kaka yake. Kaka mtu analia tangu asubuhi. Kuna namna?

Jibu: Pole sana mama, na usiwe na hofu bado. Kubonyeza NEW GAME hakufuti kitu. Faili la zamani hufutika pale tu mtu anapohifadhi mchezo mpya juu yake, na Emerald hutoa onyo kwamba kuna faili la mtu mwingine kabla ya kukubali. Kama mdogo hakuhifadhi, zima mashine, washa, chagua CONTINUE. Kila kitu kitakuwepo. Kwenye gemu za DS ni salama zaidi, kwani zinakataa kabisa kuhifadhi mchezo mpya mpaka la zamani lifutwe kwa vitufe.

Mdau wa Nakuru: Kwa hivyo hizi za Game Boy na Advance naweza kuanza tu NEW GAME nisevu juu yake, bila hivyo vitufe?

Jibu: Unaweza, ndugu yangu, na kama Select yako imekufa ndiyo njia iliyobaki. Mimi hupendelea kufuta kwanza, kwa kuwa unaanza ukiwa na uhakika kwamba hakuna mabaki ya mchezo wa zamani.

Mwanachama mpya, Mombasa: Shikamoo mwalimu. Nataka kuanza FireRed upya, lakini Charizard wangu nimemhifadhi kwa binamu yangu. Nikimrudisha atanitii? Jina langu nitaandika lilelile.

Jibu: Marahaba mdogo wangu. Jina halitoshi. Kila ukianza mchezo mpya, gemu hukupa namba mpya ya mkufunzi, nayo Charizard anabeba namba yako ya zamani. Atakuona mgeni. Bila beji, atapuuza amri, atalala katikati ya pambano au atatumia shambulio analotaka yeye. Cascade Badge itawafanya wageni wakutii hadi levo ya 30, Rainbow Badge hadi 50, Marsh Badge hadi 70, na Earth Badge, ya mwisho, wote. Faida yake ni kwamba Pokémon wa kubadilishana hupata uzoefu mara moja na nusu. Ushauri wangu: mwache kwa binamu mpaka upate beji za kutosha. Na kama ulitaka kumbadilisha jina, ilibidi ufanye hivyo kabla ya kufuta, maana jina la Pokémon mwenye mkufunzi mwingine hulibadilishi.

Mdau wa Kigoma: Yangu ni kinyume. Sitaki kufuta, ila Silver yangu inajifuta yenyewe kila nikizima.

Jibu: Betri ya ndani imekufa. Red, Blue, Yellow, Gold, Silver na Crystal hutunza faili kwenye kumbukumbu inayohitaji umeme muda wote, na umeme huo unatoka kwenye betri ndogo ya duara ndani ya kaseti. Za Gold, Silver na Crystal huisha mapema zaidi kwa sababu zinaendesha na saa pia. Silver inatumia CR2025 yenye vibati vilivyochomelewa; mpelekee fundi wa simu anayejua kuchomelea kwa risasi, asikubandikie kwa gundi ya karatasi, itaachia. Ruby, Sapphire na Emerald ni tofauti: nazo zina betri, ila ni ya saa tu. Zikikuandikia kwamba betri ya ndani imekwisha, faili lako bado lipo. Kinachosimama ni mambo yanayokwenda na muda, kama matunda kukua.

Mdau wa Arusha: Kuna watu wanasema bonyeza A + B + Start + Select. Hiyo inafuta pia?

Jibu: Hapana. Hiyo inaiwasha gemu upya tu, inakurudisha pale ulipohifadhi mara ya mwisho. Kwenye DS ni L + R + Start + Select. Wanaoitumia sana ni wale wanaotafuta Pokémon wa rangi adimu: wanahifadhi mbele ya mkoba wa Profesa Birch, ule wenye Pokémon wa kwanza kwenye Ruby, Sapphire na Emerald, wanachagua, wanatazama rangi, wanarudia. Kwenye gemu za Advance na DS nafasi ni moja kati ya 8,192, kwa hiyo inataka subira. Kama unafanya hivyo kwenye Emerald, jua kwamba hesabu zake za bahati huanzia pointi ileile kila ikiwashwa. Ukibonyeza kwa mwendo uleule utampata Pokémon yuleyule. Subiri sekunde kadhaa tofauti kila mara kabla ya kuchagua.

Mdau wa Muscat: LeafGreen yangu inaandika kwamba 1M sub-circuit board haipo. Nimefuta vibaya?

Jibu: Hukukosea kufuta, ndugu. Gemu imeshindwa kuiona chipu ya kuhifadhia. Safisha meno ya kaseti kwa pamba ya masikioni na spiriti ya isopropili ya asilimia 90 au zaidi, iache ikauke, ujaribu tena. Ikiendelea, kuna uwezekano mkubwa kaseti ni ya kughushi, nazo zimejaa sokoni.

Mdau wa Kampala: Nina Pokémon X iliyowekwa Kifaransa na mtu wa kwanza. Diamond yangu nayo ni ya Kijapani. Nikifuta zitakuwa za Kiingereza?

Jibu: X ndiyo. Kuanzia X na Y za mwaka 2013, lugha huchaguliwa mwanzoni mwa mchezo na haibadiliki mpaka faili lifutwe. Futa kwa Juu + X + B, utaulizwa upya. Diamond ya Kijapani itabaki Kijapani, kwa sababu lugha yake imo kwenye kadi yenyewe. Kabla hujaifuta X, ingia uangalie maboksi ya huyo mtu wa kwanza.