Saladi ya matango kwa mlo wa kiangazi: yatoe maji kwanza

Saladi ya matango huharibiwa na maji yake yenyewe. Tango ni maji kwa takriban asilimia 95. Ukilikata, ukatia chumvi, ndimu na dhania vyote kwa mpigo kama unavyofanya kachumbari ya nyanya, robo saa baadaye unapakua vipande vilegevu vinavyoogelea, na ladha yote imezama chini ya bakuli. Nyanya angalau ina utamu na uchachu wake wa kuichangamsha kachumbari. Tango halina hata kimoja. Ndiyo maana hatua zote zilizo hapa zinazunguka jambo moja: maji yatoke kabla hujakoleza.

Mimi hupika chakula cha mchana hapa Kisumu. Kuanzia Januari mpaka mvua za masika zishike, jua la saa saba linapochoma na upepo wa ziwa bado haujaamka vizuri, mtu haoni raha ya samaki wa kukaanga na ugali moto bila kitu baridi kando ya sahani. Kachumbari ni nzuri, siikatai. Lakini kwa joto hili saladi ya matango huwavutia wengi zaidi, na wakati nyanya zimepanda bei huwa ni nafuu ya mfuko pia.

Kwa watu wanne hadi sita tafuta matango matatu ya kiasi (yakaribie kilo moja yakiwa pamoja), kitunguu chekundu kimoja kidogo, ndimu mbili zenye maji, nusu fungu la dhania, pilipili kali moja, vijiko viwili vya mezani vya simsim, chumvi, na sukari kidogo sana. Mafuta si lazima. Ikiwa saladi inaandamana na samaki aliyetoka kwenye karai la mafuta, mimi siyatii kabisa.

Hatua ya 1: Chagua tango, usichukue tu

Sokoni Kibuye, hasa Jumapili soko linapojaa, utakuta aina mbili. Kuna lile fupi, nene, la kijani kilichokolea, lenye ngozi ngumu na vinundu vidogo. Hilo hulimwa shambani, juani. Kisha kuna lile refu jembamba, ngozi laini, mbegu hazionekani sana, ambalo mara nyingi hukuzwa ndani ya vibanda vya plastiki, na kwenye supamaketi huuzwa likiwa limevishwa nailoni. La pili halina kazi nyingi. La kwanza lina ladha zaidi, na ndilo ninalonunua, ila lazima ujue kulichagua.

Libonyeze ncha zote mbili. Likibonyea upande wa kikonyo, limekaa siku nyingi. Tumbo likianza kugeuka njano, limekomaa kupita kiasi: mbegu zimekuwa ngumu na katikati pamekuwa kama sponji. Usivutiwe na kubwa kuliko yote kwenye fungu. La ukubwa wa kati lililo zito mkononi lina nyama nyingi na mbegu changa. Na uliza:

"Mama, haya yamechumwa lini?"

"Jana jioni, kastoma wangu."

Jibu hilo utalipata kila mara, hata yakiwa yamechumwa juzi ya juzi, kwa hiyo bado utabonyeza. Hakuna atakayekununia, muuzaji akiona unajua unachotafuta, mara nyingi yeye mwenyewe ataingiza mkono chini ya fungu akutolee mazuri.

Sasa uchungu. Kiangazi kikiwa kikali, tango lililokosa maji shambani hujaa kemikali iitwayo kukabitasini, ambayo ndiyo huleta uchungu. Hukaa zaidi upande wa kikonyo na chini kidogo ya ngozi. Kwa hiyo kata sentimita mbili upande huo, utupe, kisha kata kipande chembamba kinachofuata ukionje. Wapo wanaokisugua kile kipande kwenye tango mpaka povu jeupe litoke, wakisema wanauvuta uchungu nje. Sugua ukipenda, haidhuru, lakini kinachosaidia hasa ni ile sentimita mbili uliyotupa. Kama bado linachoma ulimi, menya ngozi yote uonje tena. Kama ni chungu mpaka katikati, litupe. Sukari haitalificha, na tango chungu namna hiyo linaweza kukusokota tumbo.

Onja kila tango, si moja tu. Moja chungu kati ya matatu hutosha kuharibu bakuli zima.

Hatua ya 2: Osha kabla ya kumenya

Watu wengi huosha baada ya kumenya, au huacha kuosha kabisa kwa kuwa ngozi itatupwa. Kisu kinapopita kwenye ngozi chafu hubeba uchafu huo hadi ndani, na hiki ni chakula kisichopita motoni. Liweke chini ya maji yanayotiririka, ulisugue kwa kiganja hasa kwenye vinundu. Kama maji yako ni ya kisima au ya mtungi wa kununua mtaani, tumia yaliyochemshwa au yaliyotiwa dawa. Na kibao ulichopasulia samaki asubuhi kisikatie saladi. Uwe na kingine.

Kama matango yamelegea kwa joto la njiani, yaloweke yakiwa mazima kwenye maji baridi sana kwa nusu saa. Yatasimama tena.

Hatua ya 3: Kata

Menya kwa mistari, mstari wa ngozi ubaki, mwingine utoke. Ngozi inayobaki hukipa kipande ukakamavu na rangi. Ngozi ikiwa ngumu sana, menya yote. Pasua tango kwa urefu, kisha pitisha kijiko cha chai katikati ukikwangua mbegu zote. Ule utelezi unaozizunguka mbegu ndio wenye maji mengi kuliko sehemu nyingine yoyote, kwa hiyo dakika hii moja itakupunguzia kazi baadaye. Kwa tango jembamba la kwenye nailoni, ruka hapo.

Kisha kata vipande vya nusu mwezi vyenye unene wa milimita 3 hivi, kama sarafu mbili zilizobebana. Ukikata vyembamba mno vitakuwa kama karatasi iliyolowa mara tu vikiguswa na chumvi. Ukikata vinene, chumvi haitafika ndani.

Hatua ya 4: Chumvi, subira, kukamua

Hapa ndipo kazi yenyewe ilipo.

Weka vipande kwenye chujio juu ya bakuli. Nyunyiza chumvi kijiko kimoja na nusu cha chai kwa kilo moja ya matango, changanya kwa mikono ili kila kipande kipate, kisha uache dakika 20 hadi 30. Chumvi iliyo nje ya kipande huyavuta maji yaliyo ndani, na utayaona yakidondoka ndani ya dakika tano za kwanza. Mwisho wake bakuli la chini litakuwa na karibu nusu kikombe cha maji, wakati mwingine zaidi. Hayo ndiyo yangekuwa kwenye sahani yako.

Jambo la kushangaza ni kwamba kipande kilichopoteza maji hakilainiki na kufa. Hujikunja kidogo, kisha ukikitafuna kinalia. Ubichi ule wa maji matupu umeondoka, ladha ya tango imejikusanya.

Muda ukiisha, chukua ngumi moja ya vipande kwa wakati ukamue. Kamua kwa kubana, si kwa kusokota kama nguo. Vikivunjika umepita kiasi. Onja kimoja. Kinapaswa kuwa na chumvi ya kutosha kuliwa hivyo hivyo. Kikizidi, suuza haraka kwa maji safi ya kunywa na ukamue tena. Tangu hapa usiongeze chumvi nyingine mpaka saladi iwe imeshakamilika na umeionja. Hili nalisisitiza kwa sababu mkono una mazoea yake.

Huna chujio? Tandaza vipande kwenye kitambaa safi cha jikoni, nyunyiza chumvi, kisha kusanya pembe za kitambaa ukamue vyote pamoja. Matokeo ni yale yale.

Hatua ya 5: Kitunguu na simsim, matango yakiendelea kutoa maji

Kata kitunguu miduara myembamba, kisugue na chumvi kidogo, kiloweke dakika kumi, kisha suuza. Unakifanyia hivi kwenye kachumbari, kifanyie hapa pia.

Simsim, au nyim kama wengi wetu tunavyoiita upande huu wa ziwa, ikaange kwenye sufuria kavu kwa moto wa wastani. Usiondoke. Inabadilika kutoka nyeupe hadi rangi ya asali kwa muda mfupi sana, na ikianza kurukaruka iepue papo hapo uimwage kwenye sahani baridi, kwa kuwa sufuria huendelea kuiunguza hata nje ya moto. Nusu yake itwange kidogo kwenye kinu, nusu ibaki nzima. Ukikosa simsim, karanga zilizokaangwa na kupondwapondwa zinafaa sana. Zitie mwisho kabisa, zisije zikalowa.

Hatua ya 6: Koleza dakika za mwisho

Kwenye bakuli kubwa, changanya maji ya ndimu, robo kijiko cha chai cha sukari na pilipili iliyokatwakatwa. Pilipili mbuzi ina harufu nzuri hapa, lakini nusu yake hutosha watu wanne. Sukari si ya kuleta utamu, ni ya kupunguza makali ya ndimu. Tia matango na kitunguu, geuza, kisha dhania na simsim.

Fanya hivi watu wakiwa wanasogea mezani. Uchachu wa ndimu, kama ule wa siki, huifubaza rangi ya kijani kadiri muda unavyopita, na baada ya saa chache matango yaliyokuwa yanang'aa huwa na rangi ya zaituni kuukuu. Hata harufu ya dhania hupungua.

Ukitaka kuandaa mapema, ishia hatua ya 4. Matango yaliyokamuliwa hukaa vizuri kwenye friji, ndani ya chombo chenye kifuniko, kuanzia asubuhi hadi chakula cha mchana, na yakiwa baridi ndivyo saladi inavyozidi kunoga. Ukishaikoleza na kuiweka mezani, isikae nje zaidi ya muda wa saa mbili. Joto likipita nyuzi 32, muda wa saa moja tu.

Ukipenda na maziwa

Kwa pilau au nyama choma, badala ya ndimu natumia mala, yaani maziwa ya mgando. Mala ni nyepesi, kwa hiyo imimine kwenye kitambaa juu ya chujio, iache kwenye friji saa mbili au tatu mpaka iwe nzito, kisha changanya na matango yaliyokamuliwa, kitunguu saumu punje moja iliyopondwa, na bizari nzima iliyokaangwa kavu. Yogati nzito inafaa pia, lakini soma pakiti vizuri: nyingi za madukani zina sukari na ladha ya vanila au stroberi, na sijui mtu atakayekula hiyo na pilau.

Matango yaliyobaki

Yaliyo mazima usiyaweke karibu na ndizi mbivu. Ndizi hutoa gesi inayoyafanya yageuke njano haraka. Wala usiyasukume nyuma kabisa ya friji penye baridi kali, kwa sababu chini ya nyuzi 10 hivi, siku chache tu zinatosha kuyatia madoa ya majimaji na utelezi. Yafunge kwa kitambaa, uyaweke mlangoni au kwenye droo ya chini, na uyatumie ndani ya siku tatu nne.

Na kama una shughuli ya watu wengi, zidisha kila kitu isipokuwa pilipili. Chumvi ibaki kijiko kimoja na nusu kwa kila kilo, lakini usirundike kilo kumi kwenye chujio moja, kwani vya chini vitapondeka na vya juu havitatoa maji. Gawa kwenye vyombo vitatu vinne, na utafute mtu mwenye mikono yenye nguvu akusaidie kukamua.