Kutoka Msalaba wa Kusini hadi galaksi ya Kantarusi A kwa darubini ya mkono

Mwanzoni mwa Juni, saa tatu usiku, geukia kusini. Kipande cha anga kisichozidi ngumi mbili za mkono ulionyooshwa kina vitu vya aina tatu: Kisanduku cha Vito, ambacho ni fungu la nyota changa zilizozaliwa pamoja, Omega Kantarusi, fungu la duara lenye nyota za kale zipatazo milioni kumi, na Kantarusi A, galaksi (mkusanyiko wa mabilioni ya nyota) nyingine kabisa, nje ya hii tunayoishi. Mtu aliye London haoni hata kimoja, kwa sababu kwake havichomozi. Ukiwa Dar es Salaam, Omega Kantarusi inapanda hadi nyuzi 49 hivi juu ya upeo. Nairobi ni kama nyuzi 44.

Darubini

Darubini ya macho mawili ya 10x50 inatosha. Namba ya kwanza ni ukuzaji, ya pili ni kipenyo cha kioo cha mbele kwa milimita. Gawanya ya pili kwa ya kwanza upate upana wa mwanga unaoingia jichoni: hapa milimita 5, kiasi ambacho mboni nyingi hufikia gizani. Ya 20x50 inakupa milimita 2.5 tu, na juu ya hapo kila mtetemo wa mkono unaonekana mara ishirini. Zile zenye vioo vya rangi nyekundu inayong'aa ziache dukani, kwani rangi hiyo inarudisha nje mwanga uliopaswa kuingia.

Kabla ya kulipa, angalia mnara wa simu ulio mbali. Ukiona minara miwili, au macho yakianza kuvuta baada ya dakika moja, vioo vya ndani vimehama. Usikubali kuambiwa utazoea.

Kurekebisha ni hivi: ziba kioo cha mbele cha kulia, zungusha gurudumu la katikati mpaka nyota iwe kidoti kwa jicho la kushoto. Kisha ziba cha kushoto, na sasa zungusha pete ya jicho la kulia peke yake, gurudumu usiliguse. Watu wengi hawajui kama pete hiyo ipo, ndiyo maana huona ukungu kila wanapoangalia angani.

Usiku na mahali

Kalenda ya Kiislamu ya ukutani inakusaidia kuliko programu yoyote ya simu. Tarehe 14 na 15 mwezi ni mpevu na hakuna galaksi utakayoiona. Kuanzia kama tarehe 20 mwezi unachelewa kuchomoza, hivyo mwanzo wa usiku ni giza, na hali hiyo inaendelea mpaka tarehe 3 ya mwezi unaofuata. Panga ndani ya siku hizo.

Mahali, kinachohesabika ni giza la upande wa kusini. Bagamoyo pazuri, lakini mwanga wa Dar es Salaam unakaa upande huohuo unaoutaka. Afadhali uvuke Kigamboni uende mbele zaidi, jiji libaki mgongoni. Kwa wa Nairobi, elekea Kajiado au Magadi badala ya Thika. Juni mara nyingi Nairobi ina mawingu ya siku nzima, basi Dodoma na Singida wana bahati zaidi.

Lala kwenye mkeka au egemea ukuta, viwiko vikiwa vimebana mwilini. Ukisimama, weka mpini wa fagio refu chini na ushike darubini pamoja na ncha yake ya juu. Mtetemo unapungua sana. Macho yape dakika 20 hadi 30 bila taa. Mwanga mmoja wa skrini ya simu unakurudisha mwanzo, kwa hiyo bandika plastiki nyekundu juu ya kioo cha simu na ushushe mwanga wake hadi mwisho.

Njia yenyewe

Tafuta kwanza nyota mbili angavu zilizo kushoto kwa Msalaba wa Kusini, zile nyota nne zilizokaa kama msalaba: Alfa Kantarusi, na Beta Kantarusi iliyo karibu zaidi na Msalaba. Zikikosekana, unaangalia msalaba wa uongo, ambao ni mkubwa zaidi, hafifu zaidi, na upo kulia, kuelekea magharibi. Kosa hili linapoteza watu jioni nzima.

Nyota ya mkono wa kushoto wa Msalaba inaitwa Mimosa. Iweke katikati ya darubini, kisha angalia chini yake kidogo kushoto, umbali wa nyuzi moja, yaani upana wa mwezi mpevu mara mbili. Kile kidonge kidogo chenye ukungu ndicho Kisanduku cha Vito (NGC 4755 kwenye orodha za wanaastronomia), kiasi cha miaka nuru 6,400 kutoka hapa; mwaka nuru ni umbali ambao mwanga husafiri kwa mwaka mmoja. Kwa 10x50 ni kidogo, na wengi hulalamika. Nyota yake nyekundu ya katikati inahitaji teleskopu.

Pembeni hapohapo kuna doa jeusi kwenye Njia ya Maziwa, ule ukanda wa mwanga hafifu unaokatiza anga, linaloitwa Mfuko wa Makaa. Likionekana kwa macho matupu, anga yako inatosha kwa galaksi. Lisipoonekana, ishia Omega Kantarusi.

Kutoka Beta Kantarusi panda juu, ukielekea kulia kidogo, nyuzi 7 na nusu, ufike kwenye nyota ya wastani: Epsiloni Kantarusi. Endelea mwelekeo uleule, umbali karibu uleule. Hapo utakuta "nyota" isiyokubali kuwa kidoti hata uzungushe gurudumu vipi. Ptolemaio, mwanaastronomia wa kale, aliiorodhesha kama nyota. Mwanaastronomia Mwingereza Edmond Halley, akiwa kisiwa cha St Helena mwaka 1677, ndiye aliyeandika kwamba si nyota. Ni Omega Kantarusi, miaka nuru 17,000 hivi. Utaona tufe la mwanga lenye upana unaozidi nusu ya mwezi, zito katikati na lililofifia kingoni. Nyota mojamoja usizitegemee. Hizo huanza kujitenga vizuri kwa teleskopu ya milimita 150.

Sasa usiondoe darubini. Shusha Omega Kantarusi hadi ukingo wa chini wa duara unaloliona. Kantarusi A (NGC 5128) ipo nyuzi 4 na nusu juu yake, karibu wima. Mwanga wake umesafiri takriban miaka milioni 12. Usiikodolee macho: angalia pembeni yake kidogo, kwa kuwa sehemu ya jicho inayoona gizani haiko katikati. Doa mviringo la kijivu litatokea, litapotea, litarudi. Gusa darubini taratibu kwa kidole, maana jicho hukamata haraka kitu hafifu kinachosogea.

Ukishindwa hapa, tatizo karibu kila mara ni anga. Mwanga wa galaksi umetandazwa juu ya eneo pana, kwa hiyo kuongeza ukuzaji kunaukuza pamoja na weupe wa anga. Tofauti kati ya viwili haiongezeki. Sogea kilomita 30 zaidi kutoka mjini.

Kila baada ya siku 15 njia hii huwahi saa moja: katikati ya Juni iwe saa mbili, mwanzoni mwa Julai mara giza linapoingia.

Novemba geukia kaskazini. Galaksi ya Andromeda, ambayo mwanaastronomia Mwajemi al-Sufi aliieleza kama wingu dogo mwaka 964, inafika nyuzi 42 kwa aliye Dar es Salaam, na Kilimia kipo juu usiku mzima. Ili darubini ifike Novemba ikiwa nzima, usiihifadhi kwenye mfuko wake wa ngozi. Unyevu wa pwani huotesha kuvu ndani ya vioo, na kuvu ikishaota huacha alama. Iweke kwenye kopo la plastiki lenye mfuniko wa kubana, pamoja na vile vipakiti vya silika vinavyokuja na viatu vipya. Ukitoka nayo kwenye chumba chenye kiyoyozi, iache dakika 20 ikiwa bado kwenye kopo. Ikipata ukungu subiri ukauke wenyewe. Shati lenye chumvi na mchanga litakwaruza kioo.